Sanaa ya Kuonyesha Kisichokuwapo: Masimulizi ya Safari ya Tendaguru

Katika pwani ya kusini ya Tanzania, toka Kilwa hata Lindi, iko kazi ya maneno ambayo ni nadra kutiwa katika mizani ya uhakiki. Nayo ni kazi ya mwongoza wageni: mtu anayewachukua watu sita au wanane asubuhi, akawafikisha mahali penye sifa, akawaeleza wanachokiona, na kuwarudisha jioni. Aghalabu huhesabiwa pamoja na dereva na mpishi kuwa mtumishi wa safari. Lakini njia dereva aijua, na chakula mpishi akijua. Sehemu iliyobaki kwa mwongoza wageni ni kusema. Akisema vizuri, wageni hurudi wameona. Akisema vibaya, hurudi wamechoka. Kazi ambayo kufaulu kwake na kushindwa kwake hutegemea mpango wa maneno yastahili kupimwa kama yapimwavyo masimulizi mengine ya mdomo.

Jadi yake si ya jana. Kilwa na Lindi zilikuwa miisho ya njia za misafara iliyotoka bara, hata pande za Ziwa Nyasa, na msafara ulikuwa na kirangozi wake. Huyu alitangulia mbele, na wimbo aliouanza yeye uliitikiwa na wenye mizigo waliomfuata. Mwongoza wageni wa leo ni mrithi wake, ingawa amepanda gari na waliomfuata hawakujitwika kitu. Ameurithi pia wajibu wa kirangozi: kuufanya mwendo uwe na maana kwa wanaokwenda.

Uchache wa wasikilizaji ni jambo la kuzingatiwa tangu mwanzo. Mbele ya watu arobaini msemaji hana budi kuhutubu. Mbele ya watu wanane aweza kusimulia. Katika kundi dogo msikilizaji hukatiza, huuliza, hucheka, hubisha, naye msimulizi hujirekebisha kwa kadiri ya nyuso anazoziona. Ndiyo hali ya ngano inaposimuliwa nyumbani usiku, ambapo msimulizi hasogei hatua mpaka apate kiitikio chake. Safari ya siku moja yenye watu wachache, basi, huleta hadhira ya namna ile ile iliyoikuza hadithi ya Kiswahili, na msimulizi asiyeitumia nafasi hiyo ameikosea sanaa yake.

Mahali ambapo sanaa hii hujaribiwa kuliko pengine pote ni kilima cha Tendaguru, kiasi cha kilomita 60 kaskazini-magharibi ya mji wa Lindi, kusini ya mto Mbemkuru. Sababu yaonekana kwa kukilinganisha na mahali pengine pawili pa pwani hiyo. Kilwa Kisiwani mwongoza wageni ana kuta za Msikiti Mkuu na magofu ya Husuni Kubwa. Akinyamaza, mawe yatasema badala yake. Katika pango la Nang'oma, kwenye milima ya Matumbi upande wa Kipatimu, ana giza. Yasimuliwa kwamba watu walijificha humo wakati wa Vita vya Maji Maji, na mgeni aliyekwisha kuingia akainama na kupapasa haambiwi mara mbili maana ya kujificha. Tendaguru haina ukuta wala giza. Ni kilima kisicho kirefu, chenye miti na majani kama vilima jirani, na asiyeambiwa aweza kukipita asijue kwamba amepita mahali panaposomwa katika vyuo vya dunia nzima. Umaarufu wake ni wa mifupa iliyogeuka mawe, mifupa ya wanyama walioishi yapata miaka milioni 150 iliyopita. Na ile iliyokipa sifa haipo kilimani. Iko Berlin. Mwongoza wageni wa Tendaguru hupewa kazi ya kuonyesha kisichokuwapo, wala hana chombo cha kumsaidia ila ulimi.

Masimulizi yaliyozoeleka yanajulikana, maana ndiyo yaliyomo vitabuni, na kutoka vitabuni yameingia katika vinywa vya wengi. Huanza mwaka 1906, Bernhard Wilhelm Sattler, mhandisi Mjerumani wa kampuni ya kutafuta madini, alipoona mifupa mikubwa imejitokeza ardhini chini ya kilima. Mwaka 1907 alikuja Eberhard Fraas, mtaalamu wa mifupa ya kale kutoka Stuttgart. Toka 1909 hadi 1913 ulikuja msafara wa Jumba la Makumbusho la Berlin, ukiongozwa kwanza na Werner Janensch na Edwin Hennig, na mwishoni na Hans Reck. Mifupa ilichimbwa, ikafungwa, ikachukuliwa kwa miguu hata Lindi, ikapakiwa melini. Waingereza nao walichimba toka 1924 hadi 1931. Mwaka 1937 kiunzi cha mnyama mkubwa kuliko wote kilisimamishwa Berlin, nacho hata leo kimesimama huko kwa kimo cha mita 13.27. Hapo hadithi hukoma, na kwa kawaida hufuatwa na masikitiko.

Hakuna uwongo katika maelezo haya. Kasoro yake ni ya usimulizi, nayo imo katika mahali pa kuanzia, katika uchaguzi wa maneno, katika namna ya kutaja ukubwa, na katika mahali pa kumalizia.

Kuhusu mwanzo. Hadithi inayoanza kwa jicho la Sattler humfanya msikilizaji akione kilima kama alivyokiona mpita njia. Lakini Sattler aliiona mifupa ile akiwa njiani, na njia ile ilikuwa na wenyewe waliokwisha kuikanyaga kabla yake. Kilima nacho kilikuwa na jina kabla ya kuandikwa katika gazeti lolote la elimu. Jina hilo huelezwa kuwa la lugha ya Wamwera, na hufasiriwa kuwa kilima chenye mteremko mkali. Msimulizi akianza na jina na njia, wasikilizaji wake wamo ndani ya nchi yenye watu. Akianza na mwaka 1906, wamo katika pori linalongoja kugunduliwa. Tofauti ni ya sentensi mbili tu, lakini hugeuza kila kinachofuata, maana wachimbaji wanaotokea baadaye katika kisa huonekana ama kuwa wenyeji wa mahali, ama kuwa mikono iliyokodiwa.

Tena mwaka huo wenyewe una habari ambayo masimulizi ya Tendaguru huiacha. Mwaka 1906 Vita vya Maji Maji, vilivyoanza Julai 1905 katika Umatumbi, vilikuwa havijamalizika. Vilikwisha 1907, na njaa iliyofuatana navyo iliua watu wengi kusini. Msafara wa Berlin ulipofika mwaka 1909 ulikuta nchi iliyotoka katika misiba hiyo, na humo ndimo ulimopata mamia ya wafanyakazi wake. Leo visa hivi viwili husimuliwa katika safari mbili mbalimbali: Nang'oma husimuliwa vita, Tendaguru husimuliwa mifupa, kana kwamba ni nchi mbili na nyakati mbili. Mgeni aweza kwenda kotekote asitambue kwamba kijana aliyejificha mwaka 1905 angaliweza kuwa mchimbaji mwaka 1910. Msimulizi anayeviunganisha hawi ameongeza siasa katika elimu ya mifupa. Ameirudishia hadithi sababu zake, na hadithi isiyo na sababu ni orodha.

Kuhusu neno. Mnyama wa Tendaguru ana majina mawili katika Kiswahili cha leo. Walioandika vitabu vya shule humwita dinosaria. Watu mitaani, na hata wasemaji wengine Bungeni, humwita mjusi. Wako wanaolicheka jina la pili, lakini hapana haja ya kulionea haya, kwa kuwa wataalamu wenyewe walipounda jina lao waliliazima neno la Kiyunani lenye maana hiyo hiyo. Uzuri wa neno mjusi ni kwamba laleta ukaribu: ni kiumbe cha ukutani, kila mtoto amjua. Hatari yake ni ile ile. Humfanya mnyama awe mdogo na wa kuchekesha, na huficha ukweli kwamba jamaa zake wa karibu kati ya viumbe walio hai ni ndege na mamba kuliko mjusi. Neno dinosaria, kwa upande wake, ni sahihi lakini baridi. Humfikia msikilizaji kutoka mbali na humwacha mbali. Msimulizi stadi hayachagui kati ya hayo mawili kama mtu anayechagua kanzu. Huanza na mjusi, akaacha wasikilizaji wacheke, kisha akamkuza mjusi huyo mbele yao hatua kwa hatua hata kicheko kikawatoka na jina likawa halimtoshi. Hapo ndipo dinosaria huingia, likiwa neno lililokuwa likihitajiwa.

Kuhusu ukubwa. Masimulizi yaliyozoeleka hupenda tarakimu: mita 13.27, miaka milioni 150, tani 225 na zaidi za mifupa. Tarakimu hizi ni za kweli, nazo hazionekani. Sikio huzipokea na kuzisahau kwa kuwa hazikufungwa na kitu. Yafaa kuzilinganisha na hadithi ya Kilwa ambayo mwongoza wageni yeyote wa kisiwani aijua, ya mgeni wa Kishirazi aliyekinunua kisiwa kwa nguo za kutosha kukizunguka. Wanahistoria hubishana kuhusu kisa hicho, lakini usanii wake haubishaniwi. Bei ya kisiwa haikutajwa kwa hesabu ya fedha; ilitandazwa chini. Msikilizaji hukiona kitambaa kikifuata ufuko, hujua kwamba aweza kukipima kwa miguu yake, na hawezi kukisahau tena. Karne nyingi zimepita na kipimo hicho kingali kikifanya kazi.

Tendaguru ina nguo yake, nayo ni mzigo. Mzigo wa mpagazi mmoja ulikuwa yapata kilo 30. Tani 225 zikigawanywa kwa kipimo hicho hupata mizigo 7,500. Kama wenye mizigo hiyo wangalipangwa njiani mmoja nyuma ya mwingine, mita mbili baina ya mtu na mtu, mstari wao ungalikuwa wa kilomita 15. Na kwa kuwa njia ya kilimani hata Lindi ilikuwa mwendo wa siku nne kwa miguu, mstari huo ungaliijaza safari ya siku nzima: wa kwanza anatua kambini na wa mwisho ndio kwanza anajitwika. Hesabu hii ni ya kukadiria, maana mifupa haikusafiri siku moja wala haikuwa na uzito mmoja. Lakini ni kadirio analoweza kulikagua msikilizaji mwenyewe, na humfanya auone ukubwa wa mnyama kwa kuuona uchovu wa watu. Hakuna tarakimu ya mita iwezayo kufanya hivyo.

Hao watu ni akina nani? Hapa ndipo penye udhaifu mkubwa kuliko wote. Hennig aliandika kitabu cha safari, Am Tendaguru, kilichochapishwa 1912. Ina Reck, aliyefuatana na mumewe Hans katika mwaka wa mwisho wa uchimbaji, naye aliandika cha kwake. Mwaka 2003 Gerhard Maier alikusanya historia yote katika kitabu kikubwa cha Kiingereza. Msimamizi mkuu wa kazi, Boheti bin Amrani, aliyejua kuuondoa mfupa ardhini bila kuuvunja, na ambaye Waingereza nao walimtumia walipokuja, hakuacha kitabu. Ameacha picha na jina. Msimulizi anayefuata vitabu atawataja wenye vitabu. Si kwa ubaya, ila kwa kuwa ndio waliomtangulia kusema. Anayetaka kumtaja Boheti hana budi kumtafuta ndani ya habari za watu wengine, naye akimpata, ampe kazi ya kufanya katika kisa. Haitoshi kumtaja mwishoni kama mtu anayeshukuriwa. Mfupa ukifika katika masimulizi, uchimbwe na mkono wake.

Majina ya kitaalamu yenyewe yana hadithi ambayo huachwa bure. Mnyama mmoja wa Tendaguru alipewa mwaka 1919 jina la Lettow-Vorbeck, amiri wa jeshi la Wajerumani katika Afrika Mashariki wakati wa vita vya 1914 hadi 1918. Yule mkubwa wa Berlin alipewa na Janensch mwaka 1914 jina la Branca, aliyekuwa mkuu wa makumbusho. Ilipita karne karibu nzima tangu uchimbaji kuanza, ndipo mwaka 2007 mnyama mwingine akaitwa Australodocus bohetii, kwa heshima ya Boheti. Na mwaka 2019 mwingine akaitwa Wamweracaudia keranjei, lenye jina la Wamwera na la Mohammadi Keranje ndani yake. Majina haya manne yakisemwa kwa mpango wa miaka yake mbele ya kundi dogo lililokaa kivulini, yatatosha kueleza jinsi elimu ilivyobadili adabu yake, wala msimulizi hatahitaji kuongeza lawama.

Kuhusu mwisho. Masimulizi yaliyozoeleka hufika Berlin yakasimama, kisha huuliza: mifupa itarudi lini? Swali hili ni la haki, na limesemwa mara nyingi, hata Bungeni. Lakini swali la haki laweza kuwa mwisho dhaifu wa hadithi. Linapokuja ghafula, bila ya wasikilizaji kuwaona wachimbaji na wapagazi, huwa ni dai juu ya mali, na mgeni hulijibu kwa hoja za mali: ni nani aliyelipa, ni nani atakayetunza. Linapokuja baada ya Boheti na mizigo 7,500, huwa ni swali kuhusu kazi za watu na heshima yao, nalo halijibiki kwa urahisi. Tena kiunzi cha Berlin chenyewe ni aina ya masimulizi: kimeundwa kwa mifupa ya mnyama zaidi ya mmoja, na palipopungua pakajazwa mfano wa mfupa. Berlin nayo, kama kilima, huonyesha kisichokuwapo. Msimulizi akilieleza hilo, wageni watajua kwamba hawakufika mahali pa pungufu; wamefika kwenye nusu moja ya kitu ambacho nusu zake zote mbili zahitaji kusimuliwa.

Lakini lipo kosa lingine la mwisho, lisilo la maneno. Masimulizi yaliyopangwa kwa kufuata vitabu hukwisha kilimani, na safari ya kurudi Lindi haina sehemu yake: watu husinzia, dereva hutazama njia. Na hali mwelekeo huo ndio uliokuwa wa wapagazi. Kwa saa chache za jioni gari hutoka walikotoka na mizigo, na hufika walikofika, bandarini. Mpangaji wa kisa asingeweza kutamani mpango bora kuliko huu ambao mahali penyewe pameutoa: asubuhi kwenda bila kitu, adhuhuri kuona ardhi iliyochimbwa, jioni kushuka pwani na mizigo kichwani, kwa fikira. Mwongoza wageni anayeyaweka maneno yake mengi kilimani na kuunyamazia mwendo wa kurudi ameitupa sura ya mwisho. Yafaa aseme machache kilimani, maana hapo macho yanatafuta, na ayaweke mengi njiani, ambapo kila kilomita ni ushahidi wa anachokisema.

Yamkini atatokea wa kusema kwamba haya ni kumtwika mtu wa riziki mzigo wa mshairi. Mwongoza wageni alipwa kwa siku. Wageni wana haraka. Wengine hutaka picha na tarakimu, kisha chakula. Neno hilo lina ukweli, lakini halifuti hoja. Watunzi wengi wa pwani walitunga kwa kutumwa na kwa kulipwa, na haraka ya hadhira ni sharti la kila msimulizi. Wala maboresho yaliyotajwa hayagharimu muda: jina kabla ya mwaka, mjusi kabla ya dinosaria, mzigo kabla ya tani, Boheti pamoja na Janensch, na njia ya kurudi isemwe. Yote yaingia katika siku ile ile moja.

Lililo zito ni hadhira ya pili, ambayo haiji na ndege. Ni wanafunzi wa Lindi, Kilwa na Mtwara, na wakazi wa vijiji vya jirani, wanaosikiliza kwa Kiswahili. Ikiwa masimulizi yamepangwa kwa ajili ya mgeni, kisha yakatafsiriwa kwa mwenyeji, mwenyeji husimuliwa nchi yake kama mtu aliyekuja jana: huambiwa nani aliigundua. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Na kupona huko si kwa fedha ya mgeni peke yake. Mwenyeji hupona pia anapolazimika kuisema nchi yake mbele ya mwingine, akagundua katika kuisema kwamba maneno aliyoyazoea hayakuwa yake. Kwa sababu hiyo masimulizi ya Tendaguru yapasa kutungwa kwanza kwa Kiswahili, na kwa ajili ya mtu aliyezaliwa karibu na kilima, ndipo yapelekwe katika lugha za wageni. Mgeni hatapungukiwa. Atakuwa amesimuliwa kile ambacho hakiwezi kupatikana Berlin, ambako mifupa ipo, imetiwa taa na maandishi, na njia ya siku nne haionekani.

Idara za fasihi katika vyuo vya Tanzania zimekwisha kukusanya ngano, vitendawili na nyimbo za kazi. Ingefaa zipeleke wanafunzi wakasikilize na kuandika maneno ya waongoza wageni wa Lindi na Kilwa, mwaka hata mwaka, na kulinganisha msimulizi na msimulizi kama walinganishwavyo watambaji wa ngano. Kazi hiyo yahitaji daftari, nauli, na subira ya kukaa kiti cha nyuma siku nzima mpaka gari lifike bandarini.